Mwano wa Saa Kumi

Tusimtetee Mbuke. Alikosea, tena alikosea mchana kweupe, akiwa na akili zake timamu, hajalewa wala hajashikiwa fimbo na mtu. Mwenyewe hajifichi. Ukimuuliza anasema, "Kiburi kilinipanda," kisha ananyamaza, na wanaomjua wanasema bora angetukana.

Kaya yake iko mwendo wa saa moja kwa gari kutoka mjini Shinyanga, ukiiacha lami na kuingia kwenye vumbi. Ni kaya ya baba mkwe wake, ya zamani hasa: nyumba tatu za msonge, vihenge viwili vya mtama, jiwe la kusagia lililochimbika katikati kwa mikono ya wanawake wa vizazi vinne, na ua wa minyaa uliopandwa kabla ya Uhuru. Mumewe alipofariki na wanawe wakaenda zao, Mageni Mwanza na mwingine machimboni Geita, watu walimshauri auze ng'ombe ahamie kwa mwanawe. Mbuke akawauliza, huko mjini atakamua nini, bomba? Akachukua ubao, akaandika KAYA YA ZAMANI, KARIBU WEWE NA WATOTO, akausimika kando ya barabara. Mwaka wa kwanza watu walimcheka. Mwaka wa pili shule zikaanza kuleta watoto, na wazazi wa Ngokolo na Kambarage, kule mjini, wakawa wanakuja na familia zao mwisho wa wiki. Watoto walikamua mbuzi, walitwanga, walipeleka ndama kunywa maji, walikula michembe, viazi vitamu vya kukaushwa, kwa maziwa mgando, wakarudi kwao na vumbi mpaka kwenye kope.

Lakini kitu ambacho wageni walikipenda kuliko vyote ni mwano.

Mwano ni yowe, ila si kila yowe ni mwano. Ule ni wito wa hatari wa Wasukuma, una sauti yake na kituo chake, na ukipigwa hakuna kuuliza. Kila mwanamume mwenye miguu anatoka na alichonacho mkononi, anaupokea kwa sauti yake ili kaya inayofuata nayo isikie, na anakimbilia kule ulikotokea. Aliyeusikia akabaki ameketi, ana kesi ya kujibu. Aliyeusikia akaelekea upande mwingine, basi huyo ndiye anayetafutwa.

Mbuke aliujua mwano kuliko wengi, kwa sababu ndio uliokuwa ukimlinda. Mwanamke mmoja, miaka hamsini na sita, goti moja bovu, ng'ombe ishirini na watatu. Wezi wa mifugo wanapita maeneo yale kila kiangazi. Mara mbili walishafika hadi kwenye minyaa yake, mara mbili alipiga mwano, na mara mbili kijiji kizima kilikuwa mlangoni kwake kabla hajamaliza pumzi. Hakuwahi kupoteza hata mbuzi.

Mayala, kamanda wa sungusungu, ndiye aliyemruhusu kuwaonyesha wageni. Alilisema jambo hilo kwenye mkutano wa kijiji, amesimama, kofia mkononi. "Jumamosi saa nne kamili asubuhi, mwano wa kwa Mama Mageni ni wa maonyesho, msitoke. Saa nyingine yoyote ni mwano." Kisha akamgeukia Mbuke, akamwita mama kwa Kisukuma. "Na wewe, mayu, ukiupiga bure siku moja, usinitazame mimi." Watu walicheka. Mbuke naye alicheka.

Sasa Jumamosi hiyo ninayoisema ilikuwa ya mwezi wa nane, majani yamekauka, na kijiji hakikuwa na raha. Usiku wa kuamkia Ijumaa ng'ombe wanane walikuwa wameibwa ng'ambo ya korongo. Vijana wa sungusungu walikuwa hawajalala siku mbili, wakifuata nyayo na kuzipoteza, macho mekundu, hasira zimewajaa kifuani na hawana wa kumtolea. Mbuke alilijua hilo. Alikuwa amewapikia ugali asubuhi ile ile.

Wageni walitakiwa wafike saa tatu na nusu. Walifika saa tisa alasiri. Gurudumu lilipasuka, la akiba halina upepo, mambo ya barabara. Walikuwa watatu: Evelina, mwanamke wa miaka thelathini na kitu mwenye duka la vitenge Katoro na mdomo usiopumzika, binti yake Hosiana, miaka tisa, na mumewe Kalisti, mtu mrefu, mpole, aliyeshuka kwenye gari na kwenda moja kwa moja kwenye zizi kana kwamba alikuwa ameitwa.

"Shikamoo mama," Evelina alisema. "Mume wangu usimwone ana dharau. Hasikii. Miaka kumi na miwili kwenye karasha, kusaga mawe ya dhahabu usiku na mchana. Masikio yamekwenda. Sikio la kulia ukipiga kelele karibu kabisa linapata kidogo, la kushoto ndiyo basi tena."

"Marahaba, mwanangu. Pole. Anazungumza?"

"Anazungumza, tena utamsikia mpaka kijiji cha pili, maana hajui sauti yake ina ukubwa gani. Hosiana ndiye redio yake. Anamwandikia herufi kiganjani."

Kalisti aligeuka, akamwona Mbuke, akainamisha kichwa kwa heshima. "SHIKAMOO MAMA! NG'OMBE WAZURI!" Mbuzi wakashtuka. Hosiana akacheka mpaka akakaa chini, na Mbuke akampenda yule baba hapo hapo.

Wakaanza kuzunguka. Kalisti hakuwa na haja na vihenge wala vinu, macho yake yalikuwa kwa ndama mmoja, mtamba mwekundu mwenye baka jeupe ubavuni. Akaonyesha kwa mikono: naweza? Mbuke akampa kamba, akamwelekeza njia ya lambo, bwawa la kunyweshea mifugo, ambalo liko nyuma ya ngitili yake, yale malisho yaliyofungwa yakaota migunga mirefu. Kila mgeni alikuwa akifanya hivyo, hapakuwa na ubaya. Kalisti akajizungushia kamba kwenye kifundo cha mkono, akaondoka na ndama taratibu, anamsemesha, akapotelea kwenye miti.

Mbuke akawaingiza mama na mtoto kwenye nyumba ya kumbukumbu. Humo kuna mikuki, ngao, pinde, ngoma za mashindano, vitu vya babu. Akawaeleza habari za mwano, unavyopigwa na unavyopokewa. Hosiana macho yalimtoka.

"Bibi, tupigie tusikie!"

"Hapana, mjukuu wangu. Huu tunapiga saa nne asubuhi tu. Saa hizi ni saa kumi."

"Kidogo tu!"

"Mwano hauna kidogo."

Mtoto akaelewa. Ni mama yake aliyeegemea mlango, mikono kifuani, akacheka puani. "Muache bibi, Hosiana. Hayo yalikuwa zamani. Siku hizi nani atatoka? Katoro mtu akikabwa unapiga kelele mpaka unakauka, watu wanatoa simu wanakurekodi. Unajiona jioni kwenye simu ya jirani unavyoibiwa."

"Hapa siyo Katoro," Mbuke alisema.

"Ah, mama, kote ni hivyo hivyo. Si vibaya, ni hadithi nzuri, watoto wanapenda. Ila usiwaambie watu wanatoka kweli. Hawatoki."

Jamani. Kuna maneno mtu anaweza kuyameza na kuna maneno yanakwama. Mbuke alikuwa amecheka alipoambiwa nyumba zake zinanuka moshi. Alikuwa amecheka mgeni mmoja alipouliza kama jiwe la kusagia ni la plastiki. Lakini kuambiwa hawatoki, yeye ambaye mara mbili aliwaona wamekuja na mashuka yao ya kulalia mabegani, wengine hawana hata viatu? Aliona kijiji chake chote kimetukanwa. Damu ikampanda. Hakufikiria ng'ombe wanane. Hakufikiria vijana wasiolala. Alitoka uani, akaweka mkono mdomoni, akapiga.

Akapiga mara tatu, kama inavyotakiwa, mwano kamili, mkali, unaopanda mpaka juu kabisa halafu unakatika. Kuku walikimbilia chini ya kihenge.

Kimya.

Evelina alianza kutabasamu. Na kabla tabasamu halijakaa sawa, ng'ambo ya mashamba ya pamba sauti ya mwanaume iliupokea. Nyingine ikaupokea upande wa kisima. Nyingine mbali, nyingine mbali zaidi, zikapishana mpaka hukuweza tena kuzihesabu. Filimbi zikaanza kulia.

"Mungu wangu," Evelina alisema, akajishika mikono. Vinyweleo vilikuwa vimemsimama.

Hosiana aliruka akipiga makofi. Na Mbuke, nisiseme uongo, alisimama pale uani kifua mbele, na moyo wake ulifurahi. Alifurahi kwa muda wa kuhesabu kumi, labda kumi na tano. Kisha alimtazama Evelina ili auone ushindi wake, lakini usoni kwa Evelina furaha ilikuwa imeanza kugeuka kitu kingine.

"Mama Mageni," Evelina alisema polepole. "Baba Hosiana yuko wapi?"

Mbuke aligeukia ngitili. Yuko lambo. Mgeni ambaye hakuna mtu anayemjua, ana kamba mkononi, ana ndama wa mtu, na hasikii. Watu wote wanakimbilia huku, na yeye peke yake anatembea.

Alichomoa simu kwenye khanga, akampigia Mayala. Ikaita, ikaita, ikakata. Mtu anayekimbilia mwano hashiki simu. "Kimbia!" alimwambia Evelina, na wote watatu wakatoka mbio kuelekea ngitili, Evelina amevua viatu, mtoto mbele yao.

Goti la Mbuke lilikuwa linawaka moto. Katikati ya migunga kundi moja la vijana liliwakuta, saba au wanane, marungu mkononi, jasho linawatiririka.

"Wako wapi?" mmoja aliuliza bila kusimama.

"Hakuna kitu! Ni maonyesho! Nimekosea mimi, hakuna kitu, rudini!"

Hawakusimama. Utawalaumu? Miaka miwili nyuma wezi walimtuma mwanamke atangulie njiani aseme mambo yamekwisha, watu wakarudi, na ng'ombe kumi na wawili wakaenda. Tangu siku hiyo mwano hauzimwi njiani. Unazimwa mbele ya kamanda, na mwenye kuupiga anasimama mwenyewe na kusema aliona nini. Mbuke alikuwepo kwenye mkutano ulioipitisha sheria hiyo. Alikuwa amenyoosha mkono kuiunga.

Mbele, ukelele ulibadilika. Si wa kutafuta tena, ni wa waliokwisha kupata. Evelina alitoa sauti ambayo Mbuke hakuwahi kuisikia kwa mtu mzima.

Walipotoka kwenye miti waliliona lambo, na upande wa pili wa lambo, kule kunakoelekea korongo, waliona duara la watu. Thelathini, arobaini, na wengine wanaongezeka. Kalisti alikuwa amemfuata ndama kwenye majani mabichi ya ukingoni, akazunguka naye taratibu hadi ng'ambo, akitembea, amewapa mgongo. Vijana wa kwanza walimwita. Hakugeuka. Wakamwita tena kwa Kisukuma na kwa Kiswahili, simama, simama wewe! Akaendelea kutembea kuelekea kule kule walikopotelea ng'ombe wanane. Kwa macho yao ilikuwa imetosha.

Sasa alikuwa amepiga magoti, damu inamtoka juu ya jicho, mkono mmoja umekinga kichwa na mwingine unavutwa na ndama aliyeingiwa na kichaa cha woga, kwa sababu kamba ilikuwa bado imezunguka kifundo chake. Hakuweza kuifungua, nao wakaona hataki kuiachia.

"Umetumwa na nani? Wenzako wako wapi?"

Kalisti alikuwa akitazama midomo yao, huyu, yule, huyu tena, midomo arobaini kwa wakati mmoja. "NAMNYWESHA MAJI!" alipiga kelele. "NAMNYWESHA MAJI TU!"

"Anatugombeza! Mwizi anatugombeza!"

Rungu likanyanyuka. Mbuke hakumbuki alivyopita kwenye ile miguu. Anakumbuka tu kwamba alijitupa juu ya yule mtu kama mama anavyomlalia mtoto nyumba ikiwaka moto, na kwamba rungu lililokuwa limemlenga Kalisti lilimpata yeye begani, likamkata pumzi. Mwenye rungu alipoona ni nani amempiga, alilitupa chini na kurudi nyuma.

"Ni mgeni wangu!" Mbuke alisema ulimi ukiwa mzito. "Ndama ni wangu, nimempa mimi. Hasikii huyu. Ni kiziwi, jamani, ni kiziwi!"

Hosiana alikuwa ameshafika. Alimshika baba yake kiganja, akaanza kuandika kwa kidole, haraka haraka, machozi yanadondoka juu ya herufi. Watu wakaliona lile. Duara likalegea kidogo, si sana.

"Pisheni." Mayala alikuja na baiskeli, akaiangusha, akaingia katikati. Alimtazama Mbuke chini vumbini, akamtazama mgeni, akamtazama ndama. Alikata kamba kwa kisu chake mwenyewe. Kisha akauliza lile swali ambalo kila mtu alikuwa akilisubiri, na hakuliuliza kwa ukali.

"Mayu. Mwano umetoka kwako. Uliona nini?"

Mbuke alijaribu kuinuka akashindwa, akabaki amekaa. Mayala alichuchumaa mbele yake. Wamefahamiana miaka thelathini, alikuwa rafiki wa mumewe. Alisema kwa sauti ya kusikika na wote, "Labda ulimwona fisi. Fisi wapo sana kiangazi hiki."

Hakuna aliyecheka. Wote walielewa kamanda anafanya nini. Fisi ingetosha. Mjane kaona fisi karibu na zizi, kapiga mwano, watu wametoka, fisi kakimbia, mambo yamekwisha. Neno moja tu lilihitajika, na neno lenyewe alikwisha kuwekewa mdomoni. Mbuke alifungua kinywa kulisema. Hili nalo analikiri.

"Kama ni fisi," kijana mmoja alidakia kabla yake, yule aliyekuwa wa kwanza kufika lambo, "basi mwano ulikuwa wa kweli. Na kama ulikuwa wa kweli, huyu mbona aliukimbia? Kiziwi, kiziwi, kila mwizi akikamatwa ana ugonjwa. Mimi nasema twende naye. Alale kwetu, atueleze ng'ombe wanane walipita wapi."

"Ndiyo! Twende naye!"

Mbuke akafunga kinywa. Alimtazama Kalisti. Alijua kulala kwao maana yake nini. Watamuuliza swali, hatalisikia, watalirudia kwa fimbo, hatalisikia. Mtoto hataruhusiwa kuingia naye kumwandikia kiganjani. Hadi asubuhi huyu mtu atakuwa ama amekiri kitu asichokijua, ama amekufa.

Mwano wa kweli unamtia Kalisti hatiani. Mwano wa bure unamtia yeye. Hapakuwa na njia ya tatu, na Mbuke aliitafuta, aliitafuta kweli.

"Sikuona fisi," alisema. "Sikuona kitu. Nilipiga kwa kiburi. Niliambiwa watu hawatoki siku hizi, nikataka kuonyesha kwamba mnatoka."

Ndama alikuwa akinywa maji.

"Mimi ndiye niliyesema!" Evelina aliwaka. "Mimi ndiye niliyemchokoza mama wa watu! Niadhibuni mimi!"

"Wewe ni mgeni, hujui sheria yetu," Mayala alimjibu. "Yeye anaijua." Uso wake ulikuwa umezeeka. "Mayu, unajua wamekuja watu wangapi? Huyu hapa ana mtoto mgonjwa, amemwacha kitandani. Yule kaanguka akiwa njiani, ameteguka mguu. Na huyu mgeni tungemuua. Tungemuua, halafu kesho tungekuja kula ugali kwako."

"Najua."

Kalisti alikuwa anamfuatilia binti yake kiganjani, midomo yake inasoma kimya. Alipomaliza aliinua kichwa, akawatazama wanaume waliomzunguka, damu imemkaukia kwenye nyusi. Safari hii alijitahidi kuipunguza sauti.

"Ningeusikia," alisema, "ningekuja kama ninyi."

Yule kijana aliyetaka kwenda naye aligeuka akatazama majini. Mwingine alivua shati, akalichovya lambo, akampa Hosiana amfute baba yake.

Mayala na wazee wanne walijitenga pembeni. Hawakuchukua muda. Waliporudi, Mayala alivua kofia.

"Sheria hatukuitunga leo, na wewe ulikuwepo. Mgeni yuko huru, na tutamtafutia dawa. Wewe, Mama Mageni, hatukutozi ng'ombe, hatukutengi, tutakusalimia na utatusalimia. Lakini kuanzia sasa hivi hadi mavuno ya mwakani, mwano wako si mwano. Ukipiga, hatutoki. Atakayetoka ana kesi na mimi."

Mbuke alidhani atalia, hakulia. Alisikia baridi tu, saa kumi na moja ya jua kali. Kutozwa ng'ombe angeweza. Kutengwa angeweza, angevumilia, angekaa na mbuzi wake. Hili hakulitegemea. Wezi wana masikio, na habari hii ingefika korongoni kabla ya Jumapili kwisha. Aliwatazama watu wake walivyokuwa wanaondoka, wawili wawili, marungu yamening'inia, na akaona kwamba waliomuumiza moyo zaidi ni wale waliokuwa wanamwambia pole.

"Usinitazame, mayu," Mayala alisema kwa sauti ya chini, akainua baiskeli yake. Mnyororo ulikuwa umetoka. Akaondoka akiikokota.

Kwenye kaya, Evelina alimfunga mumewe kichwa kwa kipande cha khanga, akamlaza kwenye kiti cha nyuma cha gari na mtoto. Ilibidi waondoke haraka wawahi zahanati. Lakini aliporudi kuaga alimkuta Mbuke ndani ya nyumba yake anahangaika na kitanda, kile cha kamba, anakiburuta kwa mkono mmoja kwa sababu bega la pili lilikuwa limevimba.

"Mama, unakipeleka wapi?"

"Zizini."

Evelina alisimama. Kisha akaenda upande wa pili, akakishika kitanda miguuni, akakiinua. Walikitoa mlangoni kwa taabu, wakapita nacho kati ya vihenge, wakakiingiza zizini katikati ya samadi na ng'ombe waliokuwa wakirudi. Jua lilikuwa linagusa minyaa. Evelina alikuwa analia na hakujificha.

"Kichwa nikielekeze wapi?" aliuliza.

"Mlangoni," Mbuke alisema. "Kiwe karibu kabisa. Atakayeingia aanze na mimi."